PS3 Imechipiwa, Bando Halitoshi: Vidokezo vya Kuziwekea Gemu Apdeti Bila Intaneti

Hapa Mwanza, ukipita Kirumba jioni, au Igoma, au Nyegezi karibu na stendi, utakisikia kibanda cha gemu kabla hujakiona. Vijana wamebanana kwenye benchi, wawili wameshika padi, waliobaki wanasubiri zamu na kutoa ushauri ambao hakuna aliyeuomba. Mashine inayowachezesha mara nyingi ni PS3. Ilianza kuuzwa Japani na Marekani Novemba 2006, PES yake ya mwisho ni ya 2018, FIFA yake ya mwisho ni FIFA 19, na bado inamwingizia mtu pesa ya kula kila siku.

Shida ni kwamba diski nyingi zinazozunguka mjini ni toleo la kwanza kabisa, 01.00, lenye kasoro zote za siku gemu ilipotoka: inaganda, inakata sauti, inapoteza ulichohifadhi. Kasoro nyingi za namna hiyo zilisharekebishwa. Kampuni zilitoa apdeti bure, na seva za Sony bado zinazo. Lakini mashine iliyochipiwa si ya kuunganishwa na mtandao wa PlayStation, kwa sababu Sony huzifungia, na hata isiyochipiwa inaweza kumaliza bando la wiki kwa gemu moja. Kwa hiyo tunapakua kwa kompyuta, tunabeba kwa flashi, tunaweka wenyewe.

1. Ijue mashine yako kabla ya kuigusa

Igeuze, soma kibandiko cha nyuma. Utaona herufi CECH na namba. Zile nene za mwanzo, na nyembamba za namba 2000 na 2100, pamoja na baadhi ya 2500, zinaweza kubadilishiwa mfumo mzima. Huo unabaki humo hata ukizima. Namba 3000 na zile ndogo za 4000, ambazo diski yake unaifunika kwa mfuniko wa kuteleza, hutumia HEN, programu ya kuchipia iliyotoka 2019. HEN haibadilishi mfumo mzima. Kila ukiwasha mashine lazima uiamshe upya kwenye menyu.

Hapa ndipo wengi wanapomrudia fundi na kulipa bila sababu. Wanawasha mashine, wanatafuta sehemu ya kusakinishia mafaili, hawaioni, wanadhani mashine imeharibika. HEN haijaamshwa, basi. Iamshe, na Package Manager itatokea kwenye safu ya gemu.

2. Chukua namba ya gemu, usitegemee jina

Apdeti haifuati jina, inafuata namba. GTA V iliyouzwa Ulaya ni BLES01807. GTA V hiyohiyo iliyouzwa Marekani ni BLUS31156. Ukiiwekea diski ya Ulaya apdeti ya Marekani, faili litasakinika vizuri kabisa, na gemu haitabadilika hata kidogo, kwa sababu limekaa kwenye folda ya gemu nyingine. Kwetu diski hutoka Dubai, hutoka Ulaya kwenye mizigo ya mtumba, huletwa na ndugu aliyeko Marekani. Katika rafu moja ya kibanda utakuta za kila upande.

Namba ipo ubavuni mwa kasha na juu ya diski yenyewe. Kasha likiwa limepotea, na mara nyingi limepotea, fungua multiMAN au webMAN, programu za mashine iliyochipiwa, itakuonesha namba ya kila gemu iliyomo. Iandike kwenye daftari la kibanda. Kisha nenda kwenye picha ya gemu, bonyeza pembetatu, fungua taarifa zake, uandike na toleo ulilonalo sasa.

3. Pakua kwenye chanzo, si kwenye kundi la WhatsApp

Zipo programu ndogo za kompyuta unazozipa namba ya gemu, nazo zinauliza seva za Sony na kukuletea orodha: apdeti zote zilizowahi kutoka, ukubwa wa kila moja, na toleo la mfumo wa mashine linalohitajika. Faili linaishia na .pkg. Ukipewa linaloishia na .exe na kuambiwa ni apdeti ya PS3, hilo ni la kuichafua kompyuta ya watu. Liache.

Tofautisha pia vitu viwili. Apdeti ya kurekebisha gemu ni ya bure na haidai leseni. Nyongeza zinazouzwa, kama ramani mpya au magari, zinadai leseni ya aliyenunua. Ukipachika faili lake tupu halitafunguka. Na apdeti si gemu. Inahitaji gemu yenyewe iwepo, na gemu ina mwenyewe. Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki tangu 1999, na mwenye kibanda anayekaa na diski zake halali analala usingizi mzuri zaidi.

4. Fuata mpangilio, hata kama unakuchosha

Hiki ndicho kidokezo ninachokisisitiza kuliko vyote. Kuna gemu ambazo apdeti ya mwisho imebeba zote za nyuma. Unaweka moja, umemaliza. Kuna nyingine ambazo kila apdeti imebeba tu kilichoongezeka tangu ile iliyotangulia. Ukiruka kutoka 01.00 hadi 01.05, umeweka marekebisho ya vitu ambavyo mashine yako haina. Mara nyingine itakataa palepale, na hilo ni afadhali. Mara nyingine itakubali, kisha gemu igande kwenye skrini nyeusi, na hapo ndipo lawama zinapoanza: flashi mbovu, fundi mbovu, diski mbovu.

Utazitambuaje? Tazama ukubwa kwenye orodha. Ukiona 01.01 ina megabaiti 40, 01.02 ina 15, 01.03 ina 60, na ya mwisho nayo ni ndogo, chukua zote na uziweke kwa foleni. Ukiona kila moja inazidi iliyotangulia, na ya mwisho ndiyo kubwa kuliko zote, huenda ya mwisho inatosha. Ukibaki na shaka, weka zote kwa mpangilio. Utapoteza dakika, lakini gemu itakuwa salama.

Majina ya mafaili hayo yanavyotoka kwenye seva ni mkururo wa herufi na namba usiosomeka. Yabadilishe papo hapo kwenye kompyuta: 01, 02, 03, halafu namba ya gemu. Kubadilisha jina la nje hakuharibu kitu, kwa maana mashine inasoma kilichomo ndani.

Angalia pia lile toleo la mfumo linalotakiwa. Apdeti ikidai mfumo mpya kuliko ulio nao, isimamishe kwanza usome kidokezo cha tisa.

5. Pakua usiku, na usiamini faili lililokatika

Bando la usiku ni nafuu na mtandao una nafasi. Tumia programu ya kupakua inayoweza kuendelea pale ilipoishia, maana simu inayotoa mtandao kwa kompyuta itakata tu, hasa ukiwa kwenye mabonde ya nyuma ya vilima vya mawe ambako mnara unaonekana kwa shida. Asubuhi linganisha ukubwa wa faili na ule ulioandikwa kwenye orodha, hadi baiti ya mwisho. Pungufu ya baiti moja ni faili bovu.

Kuna kipimo kingine kizuri pale faili linapopita mikono mingi. Kwenye kompyuta ya Windows fungua dirisha la amri, andika certutil -hashfile, kisha jina la faili, kisha SHA1. Utapata mstari mrefu wa herufi na tarakimu. Fanya hivyo kwa nakala iliyo kwenye kompyuta, kisha kwa iliyo kwenye flashi. Mistari ikifanana, nakala ni sahihi. Ikitofautiana hata herufi moja, kopi upya. Ukiona mashine inatoa kosa namba 80029564 wakati wa kusakinisha, mara nyingi ni faili lililoharibika njiani, na kipimo hiki kingekuonesha mapema.

6. Flashi: ndogo, halisi, na FAT32

PS3 haisomi exFAT, na flashi mpya nyingi kubwa zinakuja na exFAT. Ndiyo maana mtu anachomeka flashi nzima kabisa na mashine inanyamaza. Ifomati FAT32. Ikizidi GB 32, dirisha la kawaida la kufomati la Windows halitakupa chaguo hilo. Tumia programu kama Rufus, au chukua flashi ya GB 16 na uepuke usumbufu.

Faili la .pkg liweke nje kabisa, lisiwe ndani ya folda. Chomeka tundu la kulia. Na ukitoa flashi kwenye kompyuta, itoe kwa utaratibu. Usiichomoe tu kwa sababu upau umefika mwisho, kompyuta huwa bado inaandika.

Flashi bandia ni nyingi. Zimeandikwa GB 64, ndani zina nne. Zinapokea mafaili yote bila kulalamika, kisha zinarudisha takataka. Kabla ya kuitegemea flashi ya mtaani, ipime kwa H2testw, programu ya bure inayoijaza flashi na kuisoma tena. Muuzaji mwaminifu hatakasirika ukimwambia utaipima kwanza.

7. Kusakinisha kwenyewe

Ni sehemu fupi. Amsha HEN kama unaitumia. Package Manager, kisha Install Package Files, kisha Standard. Chagua 01, subiri imalize, nenda 02. Hakikisha hadidiski ina nafasi angalau mara mbili ya ukubwa wa faili. Ukimaliza, fungua gemu na usome toleo kwenye skrini yake ya mwanzo au kwenye taarifa zake.

Onyo moja kwa wenye vibanda. Apdeti hukaa kwenye Game Data Utility. Hadidiski ikijaa, kijana wa zamu huingia humo na kufuta chochote asichokitambua, na apdeti za usiku mzima zinaondoka nacho. Mwoneshe sehemu hiyo, umweleze.

8. Faili likizidi GB 4, tumia waya

FAT32 haipokei faili la GB 4 au zaidi. Usihangaike na flashi. Tafuta waya wa mtandao, uchomeke upande mmoja kwenye laptopu na mwingine nyuma ya PS3. Hakuna intaneti hapo, ni mashine mbili zinazungumza. Ipe laptopu anwani 192.168.1.2 na PS3 192.168.1.3, zote na 255.255.255.0. Fungua multiMAN au webMAN upande wa PS3, na FileZilla, programu ya kuhamishia mafaili, upande wa laptopu, ingia kwa mlango 21. Faili liweke kwenye dev_hdd0, ndani ya folda packages. Kama haipo, itengeneze. Kisha rudi Package Manager, na safari hii chagua PS3 System Storage badala ya Standard. Ukishahakikisha gemu inafanya kazi, lifute lile faili la packages, limekula nafasi bure.

9. Usiguse faili linaloitwa PS3UPDAT.PUP

Hilo si la gemu. Ni mfumo wa mashine nzima. Sony bado wanautoa: 4.90 mwaka 2023, 4.91 mwaka 2024, 4.92 mwaka 2025. Ukiuweka juu ya mashine iliyobadilishiwa mfumo, umefuta kazi yote ya fundi. Ukiuweka kwenye mashine ya HEN kabla HEN ya toleo hilo haijatoka, utakaa unasubiri watu wa mbali waitengeneze. Hata diski za gemu hubeba mfumo ndani yake na zinaweza kukuomba ukubali. Soma skrini kabla ya kubonyeza X.

Inafaa kujua kwa nini mvutano huu upo. Tarehe 1 Aprili 2010 Sony walitoa toleo 3.21 lililoondoa uwezo wa kuweka Linux kwenye PS3, uwezo ambao watu walikuwa wameulipia walipoinunua. Desemba mwaka huohuo kundi la wadukuzi la fail0verflow lilisimama Berlin na kuonesha jinsi kinga ya mashine ilivyokuwa na kosa la hesabu, na Januari 2011 mdukuzi George Hotz akaweka ufunguo wa kinga hiyo hadharani. Sony wakamshtaki, wakapatana Aprili. Mashine iliyoko kwenye kibanda cha Mabatini leo inaishi kwa sababu ya miezi hiyo michache.

10. Umeme

Usianze kusakinisha bila UPS au inveta, hasa mawingu yakishaanza kujikusanya juu ya ziwa. UPS ndogo inatosha kumaliza kazi na kuzima kwa utaratibu.

Ukikatika katikati ya kazi, usiogope. Umeme ukirudi, na mashine ikiwa na taa nyekundu, shikilia kitufe cha kuwasha hadi iwake na kujizima yenyewe. Achia. Shikilia tena hadi usikie milio miwili ya harakaharaka, ndipo uachie. Unganisha padi kwa waya. Utaona orodha ya mambo sita. La tatu linakarabati mpangilio wa mafaili, la nne linajenga upya orodha ya vilivyomo. Yote mawili huwa hayagusi gemu zako. La tano linafuta kila kitu. Yako karibukaribu kwenye skrini na yote ni ya Kiingereza, kwa hiyo yaandike kwa Kiswahili kwenye karatasi, uibandike ukutani: TATU SAWA, NNE SAWA, TANO HAPANA.

11. Vumbi, joto, na wadudu wa ziwani

Wale wadudu wadogo wanaotoka ziwani kwa mawingu na kufuata taa usiku huingia kwenye feni ya PS3 na kukaa. Changanya na vumbi la barabara, feni inachoka, mashine inawaka taa ya njano na kuzima. Safisha kwa brashi laini kila baada ya muda, na webMAN ikuoneshe joto kabla ya kuanza usakinishaji mrefu.

12. Linda walichohifadhi wateja

Kabla ya apdeti, kopi savu zote kwenye flashi. Mtu aliyepanga kikosi chake cha PES tangu mwaka jana hataki kusikia habari za matoleo. Na kumbuka, savu iliyohifadhiwa na toleo jipya mara nyingi haifunguki kwenye toleo la zamani. Kama kibanda kina mashine nne, zote ziwe na toleo moja la kila gemu, vinginevyo siku ya ligi ya mtaa mchezaji atahamishiwa mashine ya pili na kikosi chake hakitafunguka.

13. Wenye Xbox 360 na PS2

Kwa Xbox 360 iliyochipiwa kwa njia ya RGH, kanuni ni ileile ya namba, ila angalia jina la faili: lenye herufi ndogo za tu linakwenda Content, kisha folda ya sufuri 16, kisha namba ya gemu, kisha 000B0000, lenye herufi kubwa za TU linakwenda Cache. PS2 haina apdeti za namna hii. Vikosi vipya vya PES huingia kama savu, kwenye kadi ya kumbukumbu.

14. Jengeni maktaba ya mtaa

Machi 2021 Sony walitangaza kufunga duka la PS3, wateja wakapiga kelele, Aprili wakarudi nyuma. Microsoft hawakurudi: duka la Xbox 360 lilifungwa tarehe 29 Julai 2024. Seva za apdeti za PS3 ziko hai leo, na hakuna aliyetuahidi kesho.

Kwa hiyo nunueni hadidiski moja ya nje kwa vibanda kadhaa. Kila gemu iwe na folda yenye namba yake, ndani yake apdeti zikiwa zimepangwa 01, 02, 03, pamoja na faili fupi la maandishi: jina la gemu, toleo la mwisho, mfumo unaohitajika, tarehe iliyopakuliwa, na mstari wa SHA1 wa kila faili. Mmoja anapakua, wote wanakopi. Flashi inaweza kupanda meli ya Nansio na kufika Ukerewe siku hiyohiyo, na tangu daraja la Kigongo–Busisi lifunguliwe Juni 2025, basi la Sengerema halisubiri kivuko. Nakala ya pili ikae nyumba nyingine, mbali na ya kwanza, na kila miezi michache mtu aichomeke, afungue mafaili matatu manne, alinganishe SHA1. Anzeni na gemu tano zinazochezwa zaidi kwenye mtaa wenu.